Makaa ya mawe na kikohozi cha Baba

Katika mtaa tulikokulia, upande wa Eastlands jijini Nairobi, makaa yalikuwa ni yale meusi mepesi yaliyoletwa na malori kutoka Ukambani. Mama aliyanunua kwa mkebe na kuwasha jiko nje ya mlango. Makaa mengine sikuyajua. Kwa hivyo siku mwalimu wetu wa darasa la tano alipotufundisha kwamba Waingereza walitajirika kwa kuchimba makaa ya mawe chini ya ardhi, nilikwenda nyumbani mbio nikiwa na habari kubwa.

"Baba," nilisema hata kabla ya kuweka mkoba chini, "kuna watu wanaopikia mawe!"

Baba alikuwa ameketi kwenye kigoda akivua viatu. Nywele zake, nyusi na hata kope zilikuwa nyeupe kwa vumbi, kama mtu aliyetumbukia katika gunia la unga. Alicheka sana. "Basi hao wamebarikiwa," alisema. "Mimi nimevunja mawe miaka kumi na sijaona hata moja linaloweza kuchemsha chai."

Kisha kicheko kikageuka kikohozi, na kikohozi kikaendelea mpaka Mama akamletea maji.

Baba alikuwa kibarua katika machimbo ya mawe, yale ambayo watu wa mtaani huyaita kware. Alianza kwa nyundo na mtaimbo, halafu akahamishiwa kwenye mashine ya kusaga kokoto. Huko vumbi lilikuwa jingi hata wafanyakazi waliwasha tochi mchana. Kinga yake ilikuwa leso ya Mama aliyojifunga puani.

Mwaka mmoja vijana wawili walipita machimboni wakiandikisha watu ili waingie chama cha wafanyakazi. Mwezi haukwisha kabla hawajafutwa kazi wote wawili. Baba hakuandika jina lake. Usiku huo, nikiwa nimelala upande wa pili wa pazia, nilimsikia Mama akimuuliza sababu. Baba alijibu kwa neno moja tu: "Karo."

Karo hiyo, ndugu msomaji, ilikuwa yangu.

Baba alifariki mwaka wa 2008 akiwa na umri wa miaka 51. Daktari alituambia mapafu yake yamekakamaa kwa vumbi la mawe. Sheria ya fidia kwa wafanyakazi ilikuwapo nchini, lakini sheria haimtafuti mtu. Ni mtu aitafutaye. Mama alipokwenda kwa mwajiri kuuliza, karani alifungua vitabu, akapitisha kidole juu hadi chini, akasema, "Mama, jina hilo halimo." Vibarua hawakuandikwa.

Jibu hilo lilinikaa moyoni kama mwiba. Nililibeba kwa miaka mingi bila kujua la kulifanyia, mpaka nilipofika mahali ambapo sikutarajia kabisa kukumbuka habari za Baba.

Kushuka shimoni

Mwaka wa 2023 nilibahatika kuhudhuria mafunzo ya majuma mawili ya waandishi wa habari mjini Cardiff, katika nchi ya Wales iliyo sehemu ya Uingereza. Jumamosi moja tulipewa nafasi ya kutembea. Wenzangu walikwenda madukani. Mimi nilipanda basi hadi mji mdogo wa milimani uitwao Blaenavon, ambako kuna mgodi wa zamani wa makaa ya mawe unaojulikana kwa jina la Big Pit. Mgodi huo ulifungwa mwaka wa 1980, na tangu 1983 umekuwa makumbusho.

Kabla ya kushuka, kila mgeni huvishwa helmeti yenye taa na mshipi wa kubebea betri. Kisha hutakiwa kusalimisha saa, simu, kiberiti na kitu chochote kinachoweza kutoa cheche. Huko chini kuna gesi ya methani, na cheche moja yatosha kuua watu mia. Halafu mnaingia katika kizimba cha chuma, mnasongamana kama abiria wa matatu saa ya jioni, na mnateremshwa mita 90.

Aliyetuongoza alikuwa mzee mnene, mchangamfu, aliyekuwa mchimba migodi kwa miaka mingi. Alituonyesha mazizi ya farasi yaliyo huko huko chini, majina ya farasi yakiwa yameandikwa juu ya kila zizi. Farasi hao walivuta magari ya makaa, na wengi waliishi gizani karibu mwaka mzima. Alitueleza juu ya ndege mdogo aitwaye kanari, ambaye alipelekwa shimoni kwa kuwa huzidiwa na gesi ya sumu kabla ya binadamu. Akatuonyesha pia milango ya mbao ambayo zamani ilifunguliwa na kufungwa na watoto ili hewa ipite. Mtoto aliketi nyuma ya mlango huo saa kumi au kumi na mbili, peke yake, mara nyingi bila taa. Ni sheria ya mwaka wa 1842 iliyokataza wanawake, wasichana na wavulana chini ya miaka 10 kufanya kazi chini ya ardhi.

"Zimeni taa zenu," mzee alisema.

Tulizima. Nimewahi kukumbwa na giza la kupotea kwa stima Nairobi, lakini hilo si giza. Giza la mgodini ni zito. Unaweka mkono mbele ya uso na hakuna mkono. Mtu mmoja alikohoa. Nilishtuka, kwa maana kikohozi kile nilikijua: kikavu, cha mkururo, kisichomaliza kazi yake. Taa zilipowashwa niliona kwamba ni mzee mwenyewe.

Tulipokuwa tukisubiri kizimba, aliniuliza nimetoka wapi na baba yangu alifanya kazi gani. Nilimwambia. Alinitazama kidogo, akauliza, "Na kifua chake?" Sikuwa nimetaja kifua.

Nilipomjibu, alitikisa kichwa. "Chama chenu kilisema nini?" aliuliza.

Nilimwambia hatukuwa na chama. Mzee hakuongeza neno. Lakini swali lake ndilo lililonituma, siku zilizobaki, kuzunguka mabonde yale na kusoma habari za watu wake.

Bei ya mtu

Wales ya kusini ni nchi ya mabonde membamba yanayoteremka kuelekea baharini. Makaa yake yalisifiwa kote duniani kwa kuendesha meli za moshi. Mwaka wa 1913 Uingereza nzima ilichimba tani milioni 287, na watu zaidi ya milioni moja walikuwa wakifanya kazi migodini. Wales ya kusini peke yake ilitoa tani milioni 56 na zaidi. Vijiji vilijengwa mbio mbio kando ya mashimo, safu juu ya safu za nyumba zilizobanana. Mgodi ndio uliokuwa shamba, soko na mara nyingi kaburi.

Nilikwenda katika kijiji kiitwacho Senghenydd. Hapo, asubuhi ya tarehe 14 Oktoba 1913, gesi na vumbi la makaa vililipuka shimoni. Wanaume na wavulana 439 waliangamia, na mwokoaji mmoja pia. Haijawahi kutokea ajali ya mgodi mbaya kuliko hiyo Uingereza. Isitoshe, mgodi huo huo ulikuwa umelipuka mwaka wa 1901 na kuua watu 81. Sheria ya mwaka wa 1911 ilikuwa imeagiza migodi iwe na mitambo ya kugeuza mkondo wa hewa ili moshi usiwafikie watu moto ukizuka. Katika Senghenydd mitambo hiyo haikuwa tayari.

Kesi ilipokwisha, meneja alitozwa faini ya pauni 24. Gawanya pauni hizo kwa wafu wale, nawe utapata shilingi moja na peni moja hivi ya Kiingereza kwa kila mtu. Nilisimama mbele ya bustani ya ukumbusho iliyofunguliwa mwaka wa 2013, miaka 100 baada ya msiba, nikapiga hesabu hiyo mara mbili nikidhani nimekosea. Nchi iliyotuletea neno shilingi ilikuwa imempima mchimba migodi wake kwa shilingi moja na chenji.

Lakini niliona jambo jingine katika bustani ile. Kuna vigae ukutani, na katika vigae kuna majina ya waliokufa na umri wao. Wamo wavulana wa miaka 14. Hakuna aliyeambiwa kwamba jina lake halimo.

Chama kilichozaliwa katika kushindwa

Je, watu waliothaminiwa kwa shilingi moja walipataje sauti? Hawakuipata kwa siku moja, na hawakuipewa.

Mchimba makaa alilipwa kwa uzito wa alichochimba. Mwenye mizani alikuwa mtu wa tajiri. Wakulima wetu wa chai na kahawa wanaijua vizuri hadithi ya mizani ya namna hiyo! Ndipo sheria ya mwaka wa 1860 ilipowaruhusu wachimbaji kuchagua mtu wao wenyewe, wakimlipa kutoka mifukoni mwao, asimame kando ya mizani na kuhakikisha tani ni tani. Huyo alikuwa mtu muhimu sana. Viongozi wengi wa vyama waliibuka kutoka kazi hiyo, kwa kuwa kampuni haikuwa na mamlaka ya kawaida ya kumfuta.

Mwaka wa 1898 matajiri wa Wales ya kusini waliwafungia wachimbaji nje ya migodi kwa muda wa miezi sita hivi kwa sababu ya ugomvi wa mishahara. Wachimbaji walishindwa vibaya. Walirudi kazini wakiwa na njaa na madeni. Hata hivyo, kushindwa huko kuliwafunza kwamba vyama vidogo vidogo, kila bonde na chake, ni sawa na vijiti vilivyotawanyika. Mwaka huo huo waliunda Shirikisho la Wachimba Migodi wa Wales ya Kusini. Wahenga wetu walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Wao walijifunza hayo kwa tumbo.

Chama hicho hakikuwa cha kugoma tu. Hapo ndipo wengi wetu tunapokosea, tukidhani chama cha wafanyakazi ni vipaza sauti na mabango. Katika mji wa Tredegar wafanyakazi walikuwa na chama cha matibabu kilichoanzishwa mwaka wa 1890. Kila mmoja alikatwa peni chache katika kila pauni ya mshahara wake. Kwa peni hizo waliajiri madaktari na wauguzi, na mke wa mchimbaji alitibiwa bila kuulizwa pesa mlangoni. Katika mabonde mengi walijenga pia kumbi zenye maktaba, ambako mtu aliyetoka shimoni akiwa mweusi tititi aliweza kuoga, kula, kisha kukaa na kusoma historia na siasa.

Katika mji huo wa Tredegar alizaliwa Aneurin Bevan mwaka wa 1897. Alikuwa mtoto wa mchimba migodi, na yeye mwenyewe aliingia shimoni akiwa na miaka 13. Alisoma katika maktaba ya wafanyakazi, akawa kiongozi wa chama, kisha mbunge. Mwaka wa 1945 aliteuliwa Waziri wa Afya wa Uingereza, na tarehe 5 Julai 1948 alizindua mpango wa matibabu bila malipo kwa kila mwananchi. Jambo lile ambalo watu wa bonde moja walikuwa wakifanya kwa peni zao lilienea nchi nzima. Wakenya tunaopanga foleni na kubishana juu ya bima ya afya tungefaa kujua kwamba wazo hilo kubwa lilikulia katika daftari la makato ya wachimba makaa.

Rafiki aliyejifunza Kiswahili

Kuna habari moja iliyonifurahisha sana, nami sitaki kuipita. Wachimbaji hawa Weupe wa Wales walikuwa na rafiki Mweusi waliyempenda kama ndugu. Naye ni Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji kutoka Marekani ambaye baba yake alizaliwa mtumwa. Akiwa London katika miaka ya 1930, Robeson alijifunza lugha za Kiafrika, Kiswahili kikiwa mojawapo. Mzee Jomo Kenyatta, wakati huo akiishi Uingereza, alionekana katika filamu moja aliyoigiza Robeson mwaka wa 1935.

Robeson aliwaimbia wachimbaji, akawachangia fedha, na mwaka wa 1940 ikatoka filamu aliyoigiza kama Mweusi anayepokewa na wachimba makaa wa Wales. Mwaka wa 1950 serikali ya Marekani ilimnyang'anya pasipoti kwa sababu ya siasa zake. Basi Oktoba 1957 wachimbaji walikusanyika katika mji wa pwani wa Porthcawl, naye akawaimbia kwa simu kutoka ng'ambo ya bahari ya Atlantiki. Nao wakamwimbia. Fikiria watu elfu kadhaa ukumbini wamenyamaza kimya, wakisikiliza waya! Mwaka uliofuata alirudishiwa pasipoti yake.

Mali ya wananchi

Haikuwa furaha daima. Mwaka wa 1926 matajiri walitaka kupunguza mshahara na kuongeza saa. Vyama vingine vya wafanyakazi viliwaunga mkono wachimbaji kwa mgomo wa nchi nzima uliodumu siku tisa, kisha vikawaacha. Wachimbaji waliendelea peke yao hadi karibu na mwisho wa mwaka, wakala kwenye majiko ya umma, wakashindwa tena.

Tarehe 1 Januari 1947 serikali ilitaifisha migodi yote. Mabango yaliwekwa milangoni kutangaza kwamba sasa ni mali ya wananchi. Watu walilia kwa furaha. Lakini mwajiri ni mwajiri hata akiwa serikali, na hilo lilionekana katika kijiji cha Aberfan.

Juu ya Aberfan, mlimani, Bodi ya Kitaifa ya Makaa ya Mawe ilikuwa ikimwaga taka za mgodi mwaka baada ya mwaka. Chungu la saba lilikuwa limewekwa juu ya chemchemi ya maji. Baraza la mtaa liliandika barua za kuonya kwamba uchafu ule ni hatari kwa shule iliyo chini yake. Hakuna lililofanyika. Asubuhi ya tarehe 21 Oktoba 1966, siku ya mwisho kabla ya likizo fupi, chungu lile liliporomoka na kufunika Shule ya Pantglas na nyumba za jirani. Watu 144 walikufa, 116 kati yao wakiwa watoto. Wachimbaji waliitwa kutoka shimoni waje kuchimbua watoto wao wenyewe.

Nilitembea kwenye makaburi ya Aberfan, yaliyopangwa kwa mstari mweupe mlimani. Mimi ni mzazi. Sitasema zaidi.

Jopo la uchunguzi liliilaumu Bodi moja kwa moja. Hata hivyo hakuna mtu aliyefutwa kazi wala kushtakiwa. Bodi ililipa pauni 500 kwa kila mtoto. Tena, ulipofika wakati wa kuondoa machungu yaliyobaki, pauni 150,000 zilichukuliwa kutoka mfuko wa rambirambi, yaani pesa ambazo watu wema walikuwa wamewachangia wafiwa! Pesa hizo zilirudishwa mwaka wa 1997 bila faida, na mwaka wa 2007 serikali ya Wales ikaongeza pauni milioni mbili. Kilichozirudisha si huruma. Ni watu wa Aberfan ambao hawakuacha kuuliza kwa miaka 30.

Mwaka wa njaa

Mgomo mkubwa wa mwisho ulianza Machi 1984. Bodi ilitangaza kwamba migodi 20 ingefungwa na kazi 20,000 kupotea. Serikali ya Waziri Mkuu Margaret Thatcher ilikuwa imejiandaa kwa kulimbikiza makaa. Chama cha Kitaifa cha Wachimba Migodi, kikiongozwa na Arthur Scargill, kiliwaita watu nje bila kuwapigisha kura ya nchi nzima, na kosa hilo lilikigawanya. Wachimbaji wa Nottinghamshire wengi waliendelea kufanya kazi. Polisi na wagomaji walipambana, na zaidi ya watu 11,000 walikamatwa.

Ni katika mwaka huo wanawake wa mabonde walipojitokeza. Wake na mama waliokuwa wameambiwa tangu zamani kwamba mambo ya chama ni ya wanaume walianza kupika chakula cha umma, kugawa vifurushi vya vyakula, kusafiri na kuhutubia mikutano. Wengi hawakurudi tena kukaa kimya jikoni.

Haifai kuficha ubaya. Novemba 1984 wagomaji wawili walidondosha tofali zito la saruji kutoka darajani juu ya teksi iliyokuwa ikimpeleka mchimbaji mmoja kazini. Dereva alikufa. Naye alikuwa mfanyakazi, akitafutia watoto wake. Nilipoulizia habari hiyo nilijibiwa kwa sauti ya chini, macho yakitazama sakafu.

Mgomo ulikwisha Machi 1985, baada ya mwaka mzima, bila makubaliano yoyote. Katika kijiji cha Maerdy hakuna hata mtu mmoja aliyekuwa amevunja mgomo. Walirudi kazini kwa gwaride, bendera ya chama mbele na bendi ikipiga. Mgodi wao ulifungwa Desemba 1990.

Mmoja ulikataa kufa. Mgodi wa Tower ulipofungwa mwaka wa 1994, wafanyakazi 239 walitoa kila mmoja pauni 8,000 kutoka malipo yao ya kuachishwa kazi, wakaununua. Ukafunguliwa tena Januari 1995, ukawalisha hadi makaa yalipokwisha mwaka wa 2008. Hebu linganisha na wale wanaosema kwamba mfanyakazi hajui kuendesha kampuni.

Leo yote yamekwisha. Mgodi wa mwisho wa kina kirefu Uingereza ulifungwa Desemba 2015, na kituo cha mwisho cha umeme wa makaa kikazimwa tarehe 30 Septemba 2024. Sisikitikii moshi huo. Umedhuru mapafu na hewa ya dunia yetu, na hata kwetu jopo la mazingira lilifuta leseni ya kiwanda cha umeme wa makaa Lamu mnamo Juni 2019. Lakini mabonde yale yaliachwa bila kazi ya kushika nafasi ya mgodi, na vijana wake wengi walihama. Makaa ya mawe yako pia chini ya ardhi ya Mui, Kitui. Ikiwa siku moja yatachimbwa, swali la kwanza lisiwe ni tani ngapi, bali majina ya wachimbaji yataandikwa wapi.

Daftari

Nilipanda basi mara ya pili kwenda Blaenavon kumuaga yule mzee. Aliniambia kwamba Januari 1998 mahakama kuu iliamua kuwa shirika la makaa lilijua madhara ya vumbi na halikuwakinga wafanyakazi wake. Vyama vya wachimbaji ndivyo vilivyosukuma kesi hiyo, na baadaye mamia ya maelfu ya wachimbaji na wajane wao walidai fidia. "Tulishindwa mgomo," alisema, "lakini tulikuwa tumeandika kila kitu. Nani alifanya kazi wapi, miaka mingapi, alikohoa lini."

Niliporudi Nairobi nilimsimulia Mama yote. Nilimwambia jambo ambalo sikuwahi kumwambia, kwamba nilisikia lile neno "karo" usiku ule, na kwamba tangu Baba afe nimejiona kuwa mimi ndiye niliyemnyamazisha.

Mama alinyamaza. Kisha akainuka, akaleta mkebe wa biskuti anamotunza vyeti vya kuzaliwa, akatoa daftari la shule lenye jalada la buluu lililochakaa. Lilikuwa la kikundi cha matanga cha vibarua wa machimboni. Kila Jumamosi ya malipo walikuwa wakichanga shilingi ishirini ishirini, na mwenzao akifa au kuumia, walitoa. Ndilo daftari lililonunua jeneza la Baba na kukodi gari la kumsafirisha. Sikuwa nimejua.

Nilipitisha kidole juu hadi chini kama yule karani. Jina la Baba lilikuwamo, ukurasa baada ya ukurasa, miaka 11, kwa mwandiko wa wino uliofifia. Aliruka mara nne tu, zote mwezi wa Januari.

"Januari ni karo," Mama alisema.

Sijui kama Baba angekuwa hai leo lau wale vijana wawili wangefaulu kuanzisha chama chao. Ninalojua ni kwamba watu wale wa Tredegar walianza kwa peni na daftari kama hili, na vibarua wa kware nao walikuwa wameanza. Tofauti ni kwamba wao waliachwa wafike mbali, na wetu walifutwa kazi kabla mwezi haujakwisha.

Katika meza yangu ya kazi palikuwa na fomu ya chama cha waandishi wa habari niliyokuwa nimeiweka chini ya karatasi nyingine kwa miaka miwili, nikisema makato ni mengi na karo iko juu. Jumatatu ile niliitoa nikaijaza.

Je, ndugu msomaji, wewe jina lako limeandikwa katika daftari gani?